Kutoka video za sherehe hadi filamu za hali halisi: njia ya mpiga picha ikoje?

Fremu_ya_Kwanza ameuliza:

Wanajukwaa, salaam. Kwa miaka kadhaa nimekuwa nikipiga video za harusi, mahafali na mikutano ya taasisi, na kazi hiyo imenilisha vizuri. Hata hivyo, moyo wangu umehamia kwenye filamu za hali halisi, na ningependa baada ya miaka michache niwe miongoni mwa wale ambao waongozaji huwatafuta kwa jina, si mtu wa kuitwa kwa sababu tu ana kamera. Nimesoma mengi kuhusu njia ya kufika huko, lakini sehemu kubwa ya ninayoyakuta ni mabishano kuhusu kamera ipi inaishinda ipi, nami nahisi kiini cha kazi hakiko hapo.

Naomba kuuliza mambo matatu. Kwanza, ni ujuzi gani unaomtofautisha mpiga picha wa filamu za hali halisi na mtu kama mimi, ambaye mwanga, lenzi na fokasi ameshavizoea? Pili, mtu huingiaje: asome chuo, amfuate mpiga picha mwenye jina kama msaidizi, au atengeneze filamu yake ndogo? Tatu, mtu huishije ikiwa filamu moja huweza kuchukua miaka na fedha zake huja kwa vipande? Nitashukuru kupata majibu ya watu waliomo kazini, hata yakiwa machungu.

Jicho_na_Sikio amejibu:

Ndugu yangu, nimekaa katika kazi hii muda wa kutosha kuona wapiga picha wenye mikono mizuri sana wakishindwa nayo, na wengine wenye ufundi wa kawaida wakiitwa mwaka hadi mwaka. Kinachowatenganisha ni kusikiliza. Kwenye harusi unajua kitakachotokea: maharusi wataingia, pete zitavishwa, hotuba zitatolewa, na kazi yako kubwa ni kuwahi nafasi nzuri kabla ya tukio. Kwenye filamu ya hali halisi hakuna ratiba ya namna hiyo na hakuna wa kumwomba arudie. Mpiga picha ndiye anayeamua, sekunde baada ya sekunde, ni jambo gani linatokea hapa, na uamuzi huo sikio huufikia kabla ya jicho.

Chukua tukio dogo. Mama na binti yake wameketi mezani wakizungumzia deni la familia, na mama ndiye anayesema. Mpiga picha mgeni atamwelekea mama kwa sababu sauti inatoka kwake. Binti akijibu, atageuka kumfuata, na akimfikia atakuta mama ameshaanza tena. Jioni atakuwa na picha za kamera inayokimbizana na midomo. Mzoefu anaifuata sentensi. Anatambua kwamba mama ameanza kueleza jambo ambalo binti hakuwahi kuambiwa, na kabla sentensi haijaisha anahama taratibu kwenda usoni mwa binti, kwa kuwa habari sasa iko kwa anayeambiwa. Anatulia hapo. Maneno ya mama hayapotei, maana maikrofoni ndogo iko kifuani mwake. Kisha mpiga picha anashuka kwenye mikono ya binti inayokunja na kukunjua kona ya karatasi ya benki, anatulia tena, na hasogei hadi mmoja wao avunje ukimya. Hakuna mbinu ya kamera hapo ambayo wewe huijui. Kilichofanya kazi ni kuelewa mazungumzo yanaelekea wapi.

Kwa hiyo ushauri wangu wa kwanza ni kuvaa hedifoni kila unaposhika kamera, hata kama fundi sauti yupo. Asiyesikia vizuri hawezi kujua aelekee wapi, na atakuwa anapiga picha nzuri za jambo lisilo lenyewe.

Historia ya kazi yetu inaonyesha hivyo hivyo. Hadi mwishoni mwa miaka ya 1950, kurekodi picha na sauti kwa pamoja nje ya studio kulihitaji mitambo mizito, na watu waliopigwa picha walilazimika kujipanga kulingana na mitambo hiyo. Mwaka 1960 Robert Drew alikusanya kikundi kidogo, wakiwemo Richard Leacock, D. A. Pennebaker na Albert Maysles, wakawafuata wanasiasa wa Marekani John F. Kennedy na Hubert Humphrey katika kampeni za uteuzi wa chama chao huko Wisconsin, na kutokana na kazi hiyo wakatoa filamu iitwayo Primary. Katika picha yake inayokumbukwa zaidi, Maysles anamfuata Kennedy akipenya katikati ya umati hadi jukwaani, kamera ikiwa imeinuliwa juu ya vichwa, bila kukata. Huyo Maysles, kabla ya kushika kamera, alikuwa akifundisha saikolojia chuo kikuu. Alikuja kwenye filamu akiwa ameshazoea kumwangalia mtu kwa subira na kungoja ajifunue mwenyewe, na hilo linaonekana katika kazi zake zote za baadaye.

Jambo jingine walilokuwa nalo watu wa enzi ile, nasi tumelipoteza, ni kikomo. Kasha la filamu ya milimita 16 lenye urefu wa futi 400, yaani kama mita 122, lilidumu takriban dakika 11 tu kwa kasi ya fremu 24 kwa sekunde. Mpiga picha alilazimika kuamua lini asirekodi, na kabla ya kubonyeza kitufe alikuwa ameshajiuliza anatafuta nini. Kadi zetu za leo hubeba saa nyingi, na wengi huwasha kamera asubuhi wakaiacha ijaze. Fanya zoezi hili: nenda mahali penye shughuli halisi, karakana ya seremala au chumba cha mazoezi ya kwaya, ukajiwekea dakika 11 tu za kurekodi kwa siku nzima. Utarudi umejifunza zaidi kuliko kama ungerekodi kwa muda wa saa nane.

Kwa upande wa ufundi nitagusa jambo moja tu, kwa sababu watu wa sherehe huingia nalo. Mmezoea kufungua tundu la lenzi hadi mwisho ili mandhari ya nyuma yawe ukungu. Kwenye kamera yenye kihisi kikubwa, yaani ile sehemu inayopokea mwanga, lenzi ikiwa kwenye f/1.8 (tundu likiwa wazi sana) na mtu akiinama mbele kidogo, macho yake yanatoka kwenye fokasi, na neno alilolisema wakati ule halitasemwa tena. Funga hadi f/4 au f/5.6 pale mwanga unaporuhusu. Tena mandhari ya nyuma ni sehemu ya maisha ya mtu. Ukiyafuta umemwondoa nyumbani kwake.

Kuhusu njia ya kuingia, chuo kina faida, lakini faida yake kubwa ni watu utakaokutana nao kuliko vyeti. Kirsten Johnson, mmoja wa wapiga picha wanaoheshimiwa zaidi katika fani hii, alisomea shule ya filamu ya La Fémis jijini Paris. Mwaka 2016 alitoa filamu nzima, Cameraperson, iliyounganishwa kutokana na picha alizowapigia waongozaji wengine kwa miaka mingi, na ukiitazama utaona kazi hii inavyojengwa juu ya mahusiano na watu wengi, kila mmoja akiwa na mradi wake. Waongozaji unaosoma nao leo ndio watakaokuita kesho. Asiyeweza kwenda chuo anapaswa kuwatafuta watu hao kwa njia nyingine, kwenye matamasha ya filamu, kwenye warsha, na kwenye vikundi vya kutazama na kujadili filamu.

Nafasi ya msaidizi wa kamera si rahisi kuipata kama ilivyo kwenye filamu za maigizo. Timu yetu mara nyingi ni watu wawili au watatu: mwongozaji, mpiga picha, na pengine fundi sauti. Kwa hiyo mlango ulio wazi zaidi ni ule ambao vijana wengi hawautaki, yaani kurekodi sauti au kutunza data. Ukirekodi sauti kwa mpiga picha mzuri, unasimama karibu naye siku nzima, unasikia anachosikia na kuona anageuka lini. Mimi sijui shule bora kuliko hiyo.

Meza_ya_Uhariri amejibu:

Mimi ni mhariri, na mara nyingi humjua mpiga picha kwa picha zake kabla sijamwona uso. Nakubaliana na Jicho_na_Sikio kuhusu kusikiliza, ila kuhusu kikomo nina neno. Zoezi la dakika 11 ni zuri kwa kujifunza, lakini si sheria ya kazi. Honeyland, filamu ya mwaka 2019 kuhusu mfugaji nyuki wa Makedonia Kaskazini, ilipigwa kwa takriban miaka mitatu na kukusanya zaidi ya saa 400 za picha, ilhali yenyewe hudumu karibu saa moja na nusu. Ziko simulizi ambazo hazipatikani ila kwa kukaa. Wingi wa saa si tatizo kwangu. Tatizo ni picha zilizokatwa kabla ya wakati.

Hapa ndipo mtu anayetoka kwenye sherehe anapaswa kubadili mkono. Video ya harusi hutengenezwa kwa vipande vya sekunde tatu au nne juu ya muziki, na mpiga picha huzoea kuzima kamera mara tu anapopata pozi zuri. Mezani kwangu kipande hicho hakina kazi. Nahitaji mtu aingie kwenye fremu, afanye jambo lake, na atoke, huku kamera ikiendelea kutazama mahali pale patupu kwa sekunde kumi hivi baada ya yeye kuondoka. Sekunde hizo ndizo ninazozitumia kuvuka kutoka tukio moja hadi jingine. Mpiga picha anayezima kamera mtu akiwa bado anafungua mlango ananinyima njia ya kutoka chumbani.

Naomba pia picha za mambo yanayoguswa na mazungumzo. Watu wengi wakisikia kwamba mhariri anahitaji picha za kujazia, hupiga mawingu, maua na miguu ya wapita njia, ambavyo vingeweza kuwekwa kwenye filamu yoyote. Katika mfano wa mama na binti, mimi ningehitaji ile karatasi ya benki, saa ya ukutani ikiwa wanaitazama, mlango ambao baba angeingilia, na dirisha wanalotupia macho kila wanapohofia kusikiwa. Piga na nusu dakika ya sauti ya chumba chenyewe, watu wote wakiwa kimya, maana kila chumba kina mvumo wake na bila huo viungo vya sauti husikika.

Ukitaka kufupisha safari yako, mwombe mhariri mmoja akuruhusu ukae nyuma yake anapokata tukio ulilolipiga wewe. Usijitetee wala kueleza kwa nini ulihama pale. Tazama tu ni kipande gani anakirudia, na ni kipi anakipita bila kukifungua.

Mkataba_Kwanza amejibu:

Kaka Fremu_ya_Kwanza, wenzangu wamejibu mawili ya kwanza. Mimi ni mpiga picha na wakati mwingine mtayarishaji, na nitajibu la tatu, kwa sababu nimeona dada na kaka wengi wakiiacha kazi hii wakiwa na vipaji vyao vyote, kwa kukosa utaratibu wa fedha tu.

Usiache kazi za sherehe na taasisi. Sisemi hivyo kukukatisha tamaa. Wapiga picha wengi wa filamu za hali halisi, hata wenye majina, huchanganya: siku kadhaa za filamu wanayoipenda, siku kadhaa za video za mashirika, matangazo, vipindi vya televisheni, au kufundisha. Filamu ndefu haikuhitaji kila siku. Inakuhitaji siku chache, kisha kimya, kisha ghafla inakuhitaji kesho asubuhi kwa sababu hukumu ya kesi inasomwa au mtoto anazaliwa. Kwa hiyo kazi zako nyingine ziwe za aina ambayo tarehe zake zinajulikana mapema, na uwe na mwenzako mnayeaminiana wa kushika nafasi yako.

Malipo yako yatenganishe. Kuna malipo ya mikono yako kwa siku, na kuna kodi ya vifaa vyako kwa siku. Ukiviweka pamoja katika tarakimu moja, mtayarishaji akija na kamera yake mwenyewe atadhani sasa wewe huna gharama yoyote, na vifaa vyako vitachakaa bila kujilipia vingine. Andikeni siku ni saa ngapi, na zikizidi inakuwaje. Siku ya kusafiri ni siku ya kazi, hata kama hulipwi sawa na siku ya kupiga picha, na vilevile siku ya kuandaa vifaa. Omba sehemu ya fedha kabla ya kuanza, na sehemu nyingine ifungamanishwe na tarehe, isifungamanishwe na kukamilika kwa filamu, maana filamu inaweza isikamilike kamwe.

Katika mkataba kuna vifungu vitatu ambavyo mimi huvisoma kwa makini kabla ya kuweka sahihi. Cha kwanza ni hakimiliki: kwa kawaida picha unazopiga zitakuwa mali ya kampuni inayotayarisha, na hilo halina ubaya, lakini hakikisha imeandikwa kwamba unaruhusiwa kutumia vipande fulani kuonyesha kazi yako baada ya filamu kutoka. Cha pili ni jina lako: liandikwe kama mpiga picha wa filamu, na mkataba useme itakuwaje akija mwingine kumalizia. Filamu ya miaka minne mara nyingi hupitia mikono ya watu kadhaa, na aliyepiga sehemu ngumu ya mwanzo ndiye anayesahauliwa. Cha tatu ni bima ya vifaa, na ya majeraha yako na ya wengine. Ikiwa mtayarishaji hana bima, nunua yako na uiingize kwenye gharama.

Niongeze mambo ya safari, kwa sababu hayafundishwi. Betri za akiba za lithiamu haziruhusiwi kwenye mizigo inayokwenda chini ya ndege; zibebe mkononi, vichwa vyake vikiwa vimefunikwa. Hadi saa-wati 100 (Wh, kipimo cha nishati ya betri) kwa betri moja kwa kawaida hakuna haja ya kibali, kati ya 100 na 160 unahitaji idhini ya shirika la ndege na huruhusiwi zaidi ya mbili za akiba, na zaidi ya hapo hazipandi na abiria. Ukivuka mipaka na vifaa vingi, ulizia hati ya forodha iitwayo ATA Carnet, ambayo huwezesha vifaa kuingia kwa muda bila ushuru katika nchi zilizomo kwenye mfumo huo, na huwa na uhai wa hadi mwaka mmoja.

La mwisho kutoka kwangu ni nakala. Kamera inayorekodi kwa megabiti 100 kwa sekunde hujaza takriban gigabaiti 45 kwa saa, kwa hiyo saa 400 alizozitaja mhariri zingekuwa kama terabaiti 18 kabla hujaanza kunakili. Weka nakala tatu, mbili zikiwa kwenye diski tofauti na moja ikiwa jengo jingine kabisa, na usifute kadi kabla ya programu kuthibitisha kwamba kila faili limenakiliwa sawasawa. Mwaka 1916 Robert Flaherty alikuwa Toronto akihariri picha alizozipiga Kaskazini mwa Kanada. Sigara yake ikawasha filamu ya nitrati, na zaidi ya mita 9,000 zikateketea. Ilimbidi arudi kwenye baridi ile kuanza upya, na filamu iliyomjengea jina, Nanook of the North, ikatoka mwaka 1922. Yeye aliweza kurudi. Mzee aliyekusimulia jambo lake wiki moja kabla ya kufariki hatarudi.

Fremu_ya_Kwanza amejibu:

Nawashukuru sana, nyote mmenipa zaidi ya nilichoomba. Kuna jambo ambalo mazungumzo yenu yamenifanya niliulize. Kwenye sherehe kila mtu anataka apigwe picha. Katika tukio kama lile la mama na binti, mtu akianza kulia, au akasema neno ambalo baadaye litamdhuru, mpiga picha anaendelea au anashusha kamera? Na kwenye maeneo ya hatari, nani anayeamua kuondoka?

Ridhaa_na_Picha amejibu:

Nimefanya kazi hii kwenye hospitali, kwenye kambi za wakimbizi na kwenye nyumba zilizofiwa, na swali hili ndilo ninalolala nalo, kwa hiyo nitalijibu kwa urefu kidogo.

Fomu ya ridhaa ni lazima, lakini haikumalizii kazi. Mtu anaposaini siku ya kwanza hajui bado utaona nini, wala wewe hujui. Mimi huomba ridhaa tena kila jambo linapobadilika: tukiingia chumba kipya, akifika jamaa ambaye hakuwepo, mazungumzo yakigeukia ugonjwa au kesi. Naomba kwa maneno machache, kamera ikiwa chini na macho yangu yakiwa kwake. Kabla hatujaanza kabisa, tunakubaliana alama ya mkono ambayo akiifanya nazima, bila kuulizwa sababu. Nimegundua kwamba watu wenye alama hiyo huitumia mara chache sana, na huzungumza kwa uhuru zaidi, kwa sababu wanajua mlango uko wazi.

Machozi peke yake hayanifanyi nizime. Mtu mzima anayelia akisimulia jambo alilolichagua mwenyewe anastahili kusikilizwa hadi mwisho, na kushusha kamera haraka kunaweza kumwambia kwamba huzuni yake ni aibu. Ninachokiacha ni kumsogelea. Sivuti lenzi kwenye machozi. Nabaki na ukubwa wa fremu niliokuwa nao, au narudi nyuma. Nikiona amepotewa na fahamu ya kwamba kamera ipo, hapo nazima, kwa kuwa hawezi tena kunizuia. Kwa mtoto nazima mapema zaidi.

Neno linaloweza kumdhuru ni tofauti, na hapo msaada uko kwenye uhariri. Rekodi, andika saa na dakika, kisha mwambie mwongozaji jioni ile ile kwamba kipande hiki hakitumiki hadi mhusika akitazame. Ikiwa mwongozaji hakubali utaratibu huo, ni heri ulijue katika wiki ya kwanza. Na pale ambapo picha zikikamatwa zitahatarisha maisha ya mtu, usirekodi uso wake tangu mwanzo. Ukungu unaowekwa baadaye haumlindi, kwa kuwa picha halisi inabaki kwenye diski.

Nataja pia kumwelekeza mtu, kwa sababu wapiga picha wa sherehe wamezoea kusema geuka hapa, simama pale. Flaherty aliyetajwa hapo juu alijengewa nyumba ya barafu yenye upande mmoja wazi ili kamera ipate mwanga, na familia aliyokuwa akiipiga picha ikalala humo mbele ya lenzi kana kwamba ndiyo nyumba yao. Mjadala kuhusu hilo umedumu hadi leo. Msimamo wangu ni kwamba kumwomba mtu akae karibu na dirisha kwa ajili ya mahojiano ni sawa, mtazamaji anajua mahojiano hupangwa. Kumwomba aingie tena mlangoni kwa mshangao ule ule siyo sawa, hata kama uliikosa picha ya kwanza.

Kuhusu hatari, kila mmoja katika timu awe na uwezo wa kusema tunaondoka, na akisema wote wanaondoka bila kujadiliana pale pale. Mpiga picha ndiye aliye hatarini zaidi kwa sababu jicho lake moja limefungwa ndani ya kamera na haoni pembeni, kwa hiyo apewe mtu wa kumshika bega na kumtazamia nyuma. Mohamed Amin, mpiga picha wa Kenya ambaye picha zake za njaa ya Ethiopia mwaka 1984 ziliiamsha dunia, alipoteza mkono mwaka 1991 ghala la silaha lilipolipuka Addis Ababa, na fundi sauti aliyekuwa naye alifariki katika mlipuko huo. Amin alirudi kazini na mkono wa bandia. Namheshimu kwa moyo wote, na kwa sababu hiyo hiyo nawaomba vijana wasiige sehemu ya hatari peke yake: alikuwa mwandishi wa habari mwenye uzoefu wa miaka mingi, na hata yeye mlipuko haukumkwepa. Somea huduma ya kwanza, hasa kuzuia damu, kabla ya kununua lenzi nyingine.

Fremu_ya_Kwanza amejibu:

Nimeelewa. Swali langu la mwisho: ninaanza filamu fupi kuhusu mtu mmoja, na mwongozaji mmoja ameniambia nimtumie kazi. Nimtumie nini, ikiwa nilicho nacho sasa ni vipande vizuri vya sherehe?

Meza_ya_Uhariri amejibu:

Usimtumie mkusanyiko wa vipande vizuri juu ya muziki, kwa sababu hauwezi kumwonyesha kitu anachokihitaji kujua. Subiri uwe na tukio moja kamili kutoka kwenye filamu yako fupi, la dakika tatu hadi tano, lenye watu wawili au zaidi, lisilo na muziki wala msimulizi, ambamo jambo fulani linabadilika kati ya mwanzo na mwisho. Hata likiwa ni fundi akimfundisha mwanafunzi wake kunoa chombo na mwanafunzi akakosea, linatosha. Mwongozaji atatazama kama uligeuka kwa wakati, kama ulivumilia ukimya, na kama watu wale walikusahau.

Chini yake mwandikie kwa ufupi ulikuwa na muda gani na watu hao, nani alirekodi sauti, na kama kuna chochote uliwaomba wafanye. Akivutiwa atataka zaidi, na hapo mpe picha ghafi za tukio hilo hilo zote, bila kukatwa na bila kurekebishwa rangi, kwa kuwa hicho ndicho atakachokuwa anakipokea kutoka kwako kila jioni.